Gurudumu Alilolibana Baba

Kazi yangu kiwandani ni rangi. Siyo ile rangi ya nje inayong'aa, hiyo ina wenyewe, wanaipuliza kwa mashine. Mimi napaka chini, kwenye vyuma ambavyo abiria hawavioni maisha yao yote. Na huko chini kuna rangi moja ambayo si ya urembo: mstari wa njano, mwembamba, unaoanzia kwenye gurudumu na kuvuka mpaka kwenye ekseli, ule mti wa chuma unaoyashika magurudumu mawili. Naupaka kwa mvuto mmoja wa brashi, bila kuinua mkono. Mstari ukibaki umenyooka, gurudumu na ekseli ni kitu kimoja. Ukikatika, kipande kimoja kikaenda huku na kingine kikabaki kule, maana yake gurudumu limezunguka peke yake. Gurudumu likianza kuzunguka peke yake, baadaye litateleza kando, na likiteleza kando linaanguka nje ya reli na behewa zima linalifuata.

Asubuhi ya safari ya kwanza ya behewa letu la abiria niliingia chini na ndoo ya maji, nikafuta vumbi la jaribio la jana yake, lile la kulipakia mifuko ya mchanga badala ya watu. Kwenye gurudumu la mwisho upande wa kushoto nikakuta mstari wangu umekatika.

Nikafuta tena. Nikatia mate kwenye kidole nikasugua, labda ni grisi imeniziba macho. Haikuwa grisi. Kipande cha gurudumu kilikuwa kimesogea, kidole kingeweza kulala katikati ya vipande viwili.

Nikabaki nimechuchumaa pale na kitambaa kinachuruzika maji. Nilichokuwa nafikiria si gurudumu. Nilikuwa namfikiria baba yangu, kwa sababu magurudumu yote ya kiwanda hiki anayabana yeye.

Kiwanda chenyewe kilianza na sufuria. Mzee mwenye kiwanda, ambaye sasa ni marehemu, alikuwa na banda la mabati, tanuri moja, na baba yangu, kijana wa kwanza kuajiriwa. Wakayeyusha chakavu, wakatoa sufuria. Wakatoka kwenye sufuria wakaingia kwenye majembe, kisha mageti, kisha vitanda vya chuma vya mabweni, kisha mikokoteni. Mkokoteni wa kwanza watu waliuogopa. Walisema magurudumu yale yatachomoka sokoni na kutuaibisha wote. Mzee hakubishana nao. Alimbeba binti yake mdogo akamkalisha juu ya mkokoteni, akamwambia baba, "Sukuma." Baba akasukuma, akazunguka uwanja mzima, mtoto anacheka mpaka anapaliwa. Mikokoteni ikaisha siku hiyohiyo.

Kuanzia hapo ikawa desturi. Chombo cha kwanza cha kila aina wanapanda jamaa za waliokitengeneza. Shirika la reli lilipoacha kutuletea mabehewa mabovu ya kukarabati na kutuagiza tuunde mapya ya mizigo, la kwanza walipanda wake na watoto wa mafundi, wamesimama kama magunia. Mama anasimulia mpaka leo jinsi alivyoshuka na masizi puani na kilemba kipya kimekuwa tambara la jikoni. Sasa, baada ya yale ya mizigo na yale ya mafuta, tulikuwa na behewa la abiria, lenye viti na vioo. Yule mtoto wa kwenye mkokoteni ndiye Mkurugenzi wetu, na wageni wa shirika la reli walikuwa wanakuja kuona. Wakiridhika, wangeagiza treni nzima.

Wenzake wanamwita baba Sikio. Gurudumu linaingizwa kwenye ekseli kwa presi, linasukumwa kwa nguvu za ajabu, na likikaa sawasawa chuma hulia. Si mlio mkubwa, ni kama mtu anayeburuta kiti sakafuni chumba cha tatu. Baba alikuwa akiinamisha kichwa, anasikiliza, kisha ananyanyua mkono: limekaa. Lisipolia, linatolewa, linaanzwa upya. Mhandisi alipokuja alifunga geji kwenye ile presi, duara kubwa lenye mshale mwekundu. Alimweleza baba kwa adabu zote jinsi ya kuisoma. Baba akasikiliza mpaka mwisho, akamshukuru, akaitundikia kofia yake.

"Hiyo isome wewe," akasema. "Mimi nasoma chuma."

Karakana nzima ilicheka. Mhandisi alikwenda kulalamika kwa Mkurugenzi, Mkurugenzi akamwambia amwache mzee. Mhandisi ndiye aliyekuwa na haki, lakini nani angesema?

Wasichokijua wale waliocheka ni kwamba sikio lenyewe lilishaanza kuondoka. Nyumbani tunajua wote, na hatulisemi. Tukitaka kuzungumza na baba tunakaa mbele yake. Mama anagonga meza kwanza kabla ya kuuliza kitu. Redio ikiwa juu mpaka majirani wanagonga ukuta, mdogo wangu anasema betri mpya hizo.

"Wewe binti! Bado uko huko chini?"

Hiyo ilikuwa sauti ya msimamizi wetu, tunamwita Chapuchapu, kwa sababu hilo ndilo neno lake. Niliona viatu vyake vimepigwa rangi.

"Msimamizi, inama uone kitu."

"Niiname na shati hili? Sema."

"Mstari umekatika. Gurudumu la mwisho, kushoto."

Aliinama nusu, ameshika tai isiguse chuma. Akatazama. Akatoa pumzi puani.

"Umepaka ovyo."

"Sikupaka ovyo."

"Mkono wako ulitetemeka, mama. Ni kawaida, sikulaumu. Kiwanda hiki kimetoa magurudumu mangapi? Umewahi kusikia moja limezunguka? Basi. Paka upya, unyooke, wageni wako getini. Chapuchapu!"

Viatu vikaondoka.

Mwenzangu wa rangi, msichana mwembamba tunayemwita Kijiko, alikuwa amesikia yote kutoka upande wa pili. Alikuja akitambaa na kopo lake.

"Leta nikupakie mimi, kama mkono wako una huruma," akanong'ona. "Futa, paka, tukale keki za sherehe."

"Wakipanda watu?"

"Wewe unasema gurudumu halikushika. Maana yake nini? Maana yake Sikio hakubana. Utaingia nyumba gani leo jioni, shoga yangu? Kwetu hakuna kitanda cha ziada."

"Mama yangu anapanda hilo behewa. Na wadogo zangu."

Kijiko akafunga kopo lake polepole. "Basi kamwambie mwenyewe," akasema. "Mimi simo."

Nilimkuta baba chumba cha mafundi mbele ya kioo, anafunga vifungo vya koti alilovaa kwenye harusi ya dada. Mafundi wengine walikuwa wamejaa mle, wanachana nywele, wanataniana nani leo atakaa dirishani na nani atatapika. Ningemwita kwa kawaida asingesikia. Ningepaza sauti, wote wangejua. Nikaenda nikamshika mkono kama mtoto anayetaka kununuliwa andazi, nikamvuta nje. Fundi mmoja akasema, "Sikio, umeshikwa na polisi!" Baba akacheka kwa sababu aliona wenzake wanacheka.

Chini ya behewa nikammulikia kwa tochi. Nikanyoosha kidole. 

Baba alichuchumaa na koti lake. Akaugusa mstari kwa ukucha, upande wa gurudumu, halafu upande wa ekseli. Akautazama kwa muda mrefu kuliko mtu anayetazama rangi.

"Umepaka vibaya," akasema, kwa sauti kubwa, maana siku hizi sauti yake mwenyewe haisikii vizuri. "Brashi imepinda."

Nikatikisa kichwa.

"Hili lililia. Nililisikia."

Aliyasema hayo akitazama spana iliyokuwa imelala sakafuni. Kisha akajipangusa magoti, akatoka, akaniacha na tochi yangu inawaka.

Sikuufuta ule mstari. Nilichukua rangi nyeupe, ile inayokauka ukiipulizia pumzi mara chache, nikapaka mstari mwingine pembeni ya ule wa njano, kutoka kwenye gurudumu mpaka kwenye ekseli. Niliupaka huku mkono wa kushoto umeushika wa kulia kwenye kifundo, asije mtu akanitajia tena mambo ya kutetemeka. Behewa lilikuwa linavutwa kutoka karakana mpaka kwenye jukwaa la mbele ambako watu wangepandia. Mwendo mfupi tu, na breki moja mwishoni. Kama mimi ndiye mkosaji, mstari mweupe ungefika umenyooka, na ningepanda na mama yangu tukala hizo keki.

Kichwa cha treni kikavuta. Nikatembea pembeni na ndoo yangu kama mtu anayekagua rangi. Magurudumu ya mwisho yalizunguka polepole, mstari mweupe unapita, unapotea, unapita tena, mzima. Nikaanza kupumua. Mbele ya jukwaa dereva akafunga breki, behewa likashtuka, likasimama.

Nilipiga magoti kwenye kokoto. Mstari mweupe ulikuwa umekatika.

Juu ya jukwaa Mkurugenzi alishaanza kuzungumza. Alikuwa anawasimulia wageni habari za sufuria na majembe, anawaonyesha kwa mkono jinsi alivyokaa kwenye mkokoteni, na watu wanapiga makofi. Familia zilishaanza kupanda. Nilimwona shangazi anapitisha kikapu dirishani ili awahi kiti. Nilimwona mama amembeba kitindamimba wetu, kilemba kipya, na baba nyuma yake anamsukuma kwa kiganja mgongoni, taratibu, kama bwana harusi.

Nikapanda ngazi. Chapuchapu akanishika bega.

"Wewe unakwenda wapi na rangi hiyo? Viti ni vipya!"

"Niache nimwone baba."

"Utamwona mkirudi. Shuka!"

Nikamwachia mkononi bega la ovaroli. Kweli, vifungo vya juu vilikuwa vimekatika toka zamani, nikajichomoa mabega, likabaki linaninginia kiunoni, nikaingia na fulana yangu ya ndani. Watu wakashangilia, wakadhani ni sehemu ya sherehe. Nikapita katikati ya viti mpaka alipokaa baba, dirishani, mama pembeni yake. Nikasimama mbele yake kabisa, uso kwa uso, kama tunavyofanya nyumbani. Nikasema polepole, bila kupaza sauti.

"Nimepaka mwingine. Na wenyewe umekatika."

Baba alikuwa anatazama midomo yangu. Uso wake haukubadilika hata kidogo, ila mkono uliokuwa begani kwa mdogo wangu uliondoka ukaenda kushika kiti cha mbele.

Mama akamgonga goti mara moja. "Umesikia anachosema mtoto?"

"Nimemwona," akasema baba.

Akasimama. "Shukeni," akawaambia watu.

"Tushuke twende wapi, Sikio?" akajibu fundi mmoja kutoka nyuma. "Hata getini hatujafika!"

Vicheko. Shangazi akasema yeye ameshalipenda dirisha lake, hashuki mpaka apate nauli ya kurudi.

"Shukeni wote!" Sasa baba alipaza sauti kweli. "Gurudumu la nyuma nimelibana mimi, na halikushika. Nasema shukeni!"

 Kisha watu wakainuka kwa mpigo, kikapu cha shangazi kikamwagika, watoto wakaanza kulia, wote wanakwenda mlango mmoja. Na hapohapo kichwa kikapiga honi. Chapuchapu, kule nje, alikuwa amesikia kelele za ndani akadhani ni za furaha. Akaangalia saa, akampungia dereva bendera ya kijani.

Tukaondoka.

Bibi wa fundi umeme alikuwa mguu mmoja kwenye ngazi na mwingine hewani. Mwanamume aliyekuwa nyuma yake alimdaka kwapani akamrudisha ndani. Jukwaa likaanza kupita dirishani. Mbele yetu kulikuwa na mteremko, na mwisho wa mteremko kona ya kuelekea getini. Chini ya miguu yangu, upande ule wa nyuma, nilisikia kitu kinagonga. Si kwa nguvu. Kinagonga, kinanyamaza, kinagonga. Nilimgeukia baba. Alikuwa anaita watu wakae chini, washike viti, na kuhusu ule mlio hakuwa na habari hata chembe.

Aliyefika kwenye mpini mwekundu wa breki ya dharura, ukutani, ni mama. Hakuna aliyemfundisha kazi yake, lakini ulikuwa mwekundu, umefungiwa kioo, na mama si mtu wa kuuliza maswali mbele ya kioo. Alivua kiatu, akavunja, akavuta mpaka chini.

Breki zilipiga ukelele. Kila mtu akarukia mbele, mimi nikajikuta mapajani kwa shangazi. Behewa likasimama juu ya mteremko, kabla ya kona.

Hakuna aliyeumia, ukiacha meno ya fundi mmoja na kilemba cha mama. Walipokwisha kushuka wote, Mkurugenzi alikuja mbio na viatu mkononi, wageni nyuma yake, Chapuchapu nyuma ya wageni. Baba alikuwa ameshaingia chini. Mkurugenzi naye akaingia, na gauni lake la sherehe. Nikawamulikia. Gurudumu halikuwa limezunguka tu sasa. Lilikuwa limesogea nje, na pale lilipohama ekseli iling'aa mpya, bila kutu wala rangi.

Mkurugenzi aliitazama ile sehemu inayong'aa.

"Fundi," akasema. Baba alikuwa amempa kisogo. Hakugeuka.

"Fundi, nakuuliza."

Hakugeuka.

Mkurugenzi akanitazama mimi. Sikujibu chochote, na nadhani hapo ndipo alipoelewa, maana alizunguka, akachuchumaa upande wa pili, mbele ya uso wa baba.

"Tangu lini?"

Baba alishusha pumzi. "Kidogokidogo. Huwezi kujua siku yenyewe."

"Haya mengine saba. Yapi uliyasikia yakilia?"

Niliomba moyoni ataje hata mawili. Hata moja. Angeweza, nani angembishia Sikio?

"Sijui," akasema baba. "Nilikuwa nanyanyua mkono pale ninapoona presi imesimama."

"Na yale ya mafuta?"

Chapuchapu, aliyekuwa amesimama nje, alidakia haraka. "Mkurugenzi, hayo tulishauza. Yana stakabadhi, yalishakaguliwa. Tusiyaingize humu, wageni wanasikia."

Mkurugenzi hakumwangalia. Alikuwa anamtazama baba tu. Mabehewa ya mafuta yalikuwa njiani kila siku, yanapita katikati ya miji, yamejaa.

"Hayo pia," akasema baba. "Kuanzia hayo."

Mkurugenzi alitoka chini. Alijipangusa mikono kwenye gauni, ikaacha alama mbili nyeusi, akamwendea mgeni mkubwa wa shirika la reli.

"Simamisha mabehewa yetu yote ya mafuta," akamwambia. "Sasa hivi. Popote yalipo."

"Unajua unachokisema?" yule mgeni akauliza. "Hii habari ikishatoka hairudi."

"Piga simu, bwana."

Akapiga. Tukasimama pale wote tunamsikiliza, watu na watoto wao, nguo za sherehe. Mabehewa mengi yalikuwa yamesimama kwenye yadi ya stesheni kubwa. Matatu yalikuwa safarini, kwenye treni moja. Mgeni aliziba sikio moja akawa anarudia, "Mwambieni dereva asimame hapo alipo. Hapohapo. Asisubiri stesheni." Kisha akasubiri, simu sikioni. Mhandisi alikuwa anauma ukucha. Mama alimkumbatia mdogo wangu kichwa mpaka akalalamika kwamba anakosa pumzi.

"Amesimama," akasema mgeni mwishowe.

Hakukuwa na makofi. Chapuchapu alikaa juu ya reli na shati lake jeupe, mikono kichwani. Alikuwa analia, nami sikumcheka. Ana watoto watano na kazi nyingine haijui. Sote tulijua kwamba treni nzima haitaagizwa mwaka huu, na labda hata mwaka mwingine wowote.

Mhandisi alileta gari dogo la kiwanda. Alisema mtu anayeijua mistari hiyo inabidi aende yadini, kwa sababu mingine imefunikwa na mafuta na vumbi, na mtu mwingine hataiona. Nilipanda nyuma na ndoo yangu. Baba alikuja akapanda pia, bila kuambiwa na mtu. Mhandisi alimtazama kwenye kioo, akawasha gari.

Njia nzima baba hakuniangalia. Pale kwenye matuta, ndoo ilipotaka kupinduka, aliishika kwa mguu wake.

Yadini jua lilikuwa limeshapanda na vyuma vilikuwa vya moto. Mabehewa yetu yalikuwa yamepangwa, meusi, mazito, jina la kiwanda ubavuni. Nilikaza ovaroli langu nikafunga mikono yake kiunoni. Baba akavua lile koti, akalikunja, akaliweka juu ya tuta la kokoto. Kabla sijaingia chini akanishika mkono.

"Usinihurumie," akasema. "Unachokiona, sema hichohicho. Nigeukie usoni, useme."

Nikaingia. Gurudumu la kwanza nilisugua mpaka rangi ya njano ikatokea: lilikuwa zima. Nikatoka nikamwambia. La pili lilikuwa zima. Nikatoka nikamwambia. Kwa hilo aliitikia kwa kichwa bila kufurahi, kama mtu anayesubiri zamu yake hospitali.

La tatu nilisugua mara mbili. Nikatoka, nikasimama mbele yake ambapo jua lisingempiga machoni.

"Umekatika, baba."

Alichukua chaki kwa mhandisi, akachora msalaba mkubwa juu ya gurudumu, mkono wake mwenyewe. Akahesabu kwa macho mabehewa yaliyobaki, akainua ndoo yangu.

"Twende linalofuata," akasema.